Wiki Tatu za Skrini Nyeusi: Kenya, Februari 2015

Jumamosi ya tarehe 14 Februari 2015, maafisa wa Mamlaka ya Mawasiliano ya Kenya, wakisindikizwa na polisi, walifika kwenye mitambo ya kurushia matangazo huko Limuru na kuizima. Citizen, NTV, KTN na QTV zikatoweka. Humo mlikuwa na stesheni zilizotazamwa zaidi nchini, na kwa siku 19 hivi hazikuwa hewani. Yaliyoandikwa kuhusu siku hizo karibu yote ni ya sheria na biashara: nani ana leseni, nani ana masafa, nani kakaidi amri ya korti. Mimi nataka kukiangalia kisa hiki kutoka upande wa sebuleni. Ni nadra sana watu wa nchi nzima kunyang'anywa kwa mkupuo mmoja kitu walichokizoea kila jioni, kisha wakarudishiwa. Mtu anayetazama runinga ukimuuliza kwa nini anatazama atakwambia anafuata habari, au anajiburudisha, na utakuwa hujapata kitu. Mwangalie imezimwa, ndipo utaanza kuelewa.

Kwanza tuelewane kilichokuwa kikigombaniwa, maana bila hilo pande zote mbili zitaonekana wakaidi tu. Katika mfumo wa analojia kila stesheni ilihitaji masafa yake na mtambo wake. Aliyetaka kuonekana Kisumu alisimamisha mlingoti Kisumu, na aliyetaka kuonekana Malindi alipeleka mtambo Malindi. Masafa yale yale yaliyobeba chaneli moja kwa analojia yanaweza kubeba kumi, kumi na tano, hata zaidi, kwa dijitali. Mwaka 2006, katika mkutano wa Geneva ulioitishwa na Shirika la Kimataifa la Mawasiliano (ITU), nchi za Ulaya, Afrika na sehemu ya Asia zilikubaliana ziwe zimehama ifikapo tarehe 17 Juni 2015. Masafa yatakayobaki yangetumika kwa mambo mengine, hasa intaneti ya simu. Tanzania ilitangulia katika Afrika Mashariki: Dar es Salaam ilizima analojia tarehe 31 Desemba 2012, kisha miji mingine ikafuata kwa zamu katika miezi ya mwanzo ya 2013. Huko nako watu walilia na bei ya ving'amuzi, lakini mkazi wa Mwanza alipata muda wa kuona yaliyomkuta mwenzake wa Dar.

Kuhama huko kunabadilisha jambo ambalo mtazamaji halioni. Anayetengeneza vipindi anatenganishwa na anayevisafirisha hadi kwenye eriali yako. Kampuni iliyojenga milingoti yake milimani kwa miaka inaambiwa kwamba kuanzia sasa itakuwa mpangaji kwenye mlingoti wa mwenzake. Royal Media Services yenye Citizen, Nation Media Group yenye NTV na Standard Group yenye KTN zilikuwa zimetia pesa nyingi kwenye mitambo hiyo. KTN ilianza mwaka 1990, ikiwa stesheni ya kwanza ya kibinafsi nchini. Leseni za kusambaza matangazo ya dijitali zikapewa kampuni mbili: Signet, ambayo ni tawi la KBC, shirika la utangazaji la serikali, na PANG, ya wawekezaji wa Kichina, iliyoshinda zabuni ya 2011. Nation na Royal zilikuwa zimeungana kuomba zabuni hiyo hiyo zikaikosa.

Kesi zilizofuata ni nyingi, nami sitazipitia zote. Mwisho wa 2012 Shirikisho la Watumizi wa Bidhaa, COFEK, lilienda kortini kwa sababu ving'amuzi vilikuwa ghali, na tarehe ya kuzima ikasogezwa. Desemba 2013 Mahakama Kuu ikayatupa madai ya kampuni tatu. Machi 2014 Mahakama ya Rufaa ikazipa haki. Septemba 2014 Mahakama ya Juu ikaupindua uamuzi huo, na tarehe 13 Februari 2015, siku ya Ijumaa, ikafunga mlango wa mwisho uliokuwa umebaki wazi. Kesho yake ndiyo Limuru.

Naona kila upande ulikuwa na hoja. Kampuni zile hazikuwa na kosa kuogopa kukabidhi matangazo yao kwa mshindani, tena mshindani mmoja akiwa ni wa serikali wanayotakiwa kuichunguza kila siku. Mamlaka nayo haikukosea kusema kwamba tarehe ya kimataifa haiwezi kusogezwa milele kwa ajili ya kampuni tatu. Mamlaka ilisema stesheni hizo zinaweza kurudi hewani wakati wowote zikikubali kupitia kwa wasambazaji wenye leseni. Stesheni zikasema zitarudi mtambo wao wenyewe, ADN, utakapokuwa tayari. Kila mmoja akasema anampigania mtazamaji.

Mtazamaji huyo alikuwa wapi? Aliyenishughulisha zaidi ni yule aliyetii. Mwaka mzima alikuwa ameambiwa anunue king'amuzi ili asije akabaki gizani. Akajikamua, akatoa shilingi elfu tatu na ushei, ambazo kwa kibarua wa mjengo wakati ule zilikaribia malipo ya wiki nzima. Akakiunganisha, akatafuta chaneli, akafurahi. Siku ya Jumamosi ile, yeye aliyetii na jirani yake aliyepuuza wakatazama skrini ile ile nyeusi, kwa sababu kampuni zilikataa chaneli zao zibebwe na ving'amuzi vya wengine. KBC ilikuwepo, K24 ilikuwepo, na chaneli nyingi za kigeni ambazo hakuna aliyeziomba. Alichokinunulia king'amuzi hakikuwamo. Sijawahi kusikia mtu yeyote wa upande wowote akimwomba radhi mtu huyo, na hadi leo hilo linaniuma.

Kuna mtu aliyewahi kuchunguza jambo linalofanana na hili. Mwaka 1945 wasambazaji wa magazeti wa New York waligoma kuanzia mwisho wa Juni hadi katikati ya Julai, na jiji zima likakaa zaidi ya wiki mbili bila magazeti yake makubwa mitaani. Meya Fiorello La Guardia akafikia kuwasomea watoto vibonzo redioni. Mtafiti Bernard Berelson alitumia nafasi hiyo kuwauliza wakazi wanakosa nini hasa. Wengi walisema wanakosa habari muhimu za dunia, na kumbuka Vita vya Pili vilikuwa bado vinaendelea Pasifiki. Walipobanwa wataje ni habari gani walizokuwa wakizifuata na sasa hawazipati, ni wachache walioweza kutaja. Walichokosa ni kile kipindi cha asubuhi cha kushika gazeti, na lile jambo la kusemezana na mwenzako kazini. Wengine walisoma chochote kilichokuwa karibu, hata magazeti ya zamani.

Nimemtaja Berelson kwa sababu nilichokiona Mombasa kinafanana na hicho mwanzoni, kisha kinatofautiana mahali ambapo ndipo penye uzito.

Mavyaa wangu anaishi Majengo, katika nyumba ya Kiswahili yenye ukumbi mrefu na vyumba pande mbili. Runinga yake ilikuwa ya kichogo, imefunikwa kitambaa cha kufuma mchana kutwa, na kitambaa hicho huondolewa jioni tu. Mtoto wake wa kiume alikuwa amemnunulia king'amuzi Desemba. Kila jioni, baada ya maghribi, majirani wawili wanawake walikuja. Mmoja ni mjane anayepika mahamri na mbaazi asubuhi kwa ajili ya kuuza, mwingine mumewe ni baharia na hukaa miezi hayupo. Walifika bila kubisha hodi ya kungojea jibu, wakavua viatu, wakakaa mkekani penye nafasi zao zile zile.

Tazama mpangilio wa saa. Mombasa mwezi wa Februari jua huzama mnamo saa kumi na mbili na dakika arobaini, na isha huingia karibu saa mbili kasorobo au zaidi kidogo. Taarifa ya habari ya Kiswahili ilikuwa saa moja kamili. Ilikaa katikati ya sala mbili kana kwamba mtu aliipangia nafasi hiyo kwa makusudi. Baada ya habari ulifuata mchezo wa kuigiza wa Kiswahili, na adhana ya isha ikilia sauti ilipunguzwa, picha ikaachwa. Chakula cha usiku kilikuwa kimekwisha kupikwa kabla ya maghribi ili mpishi asikose kitu. Watoto walijua kwamba swali lolote la kazi ya shule liulizwe kabla ya saa moja au lingojee. Nyumba ile haikuwa na saa ya ukutani inayofanya kazi, wala haikuihitaji.

Nao hawakutazama kimya. Mtu aliyezoea sinema angeona kero. Waziri akitokea, mmoja anasema huyu amekonda, atakuwa mgonjwa. Bei ya unga ikitajwa, wote watatu wanasema kwa pamoja duka gani la Majengo limeshapandisha. Msomaji habari akivaa mtandio mzuri, dakika nzima ya habari inapita bila kusikika. Nilikuwa nikidhani wanaharibu taarifa. Nilipowasikiliza zaidi niliona kwamba taarifa ndiyo inayowapa malighafi, na kitu kinachotengenezwa pale ukumbini ni mazungumzo yao.

Sasa zima stesheni. Je, habari zilipotea? La. Redio hazikuguswa. Radio Citizen ya kampuni ile ile iliendelea, redio za Pwani ziliendelea, magazeti ya kampuni hizo hizo yalitoka kila asubuhi. Redio ilikuwepo jikoni kwa mavyaa, na aliisikiliza akikuna nazi. Kwa hesabu ya habari peke yake hakupungukiwa na chochote, na huenda alipata zaidi, kwa kuwa hapakuwa na mtu wa kumsemesha. Nilipomuuliza anakosa nini alisema anakosa habari, kama walivyosema wa New York. Nilipomuuliza habari gani, akafikiri, kisha akasema jioni zimekuwa ndefu na kwamba jirani yake hana tena sababu ya kuja.

Kisa chote nakiona hapo. Kwa adabu zetu, mtu haendi nyumba ya mwenzake kila jioni hivi hivi. Siku ya kwanza ni kujuliana hali, siku ya pili ni mapenzi, siku ya tatu mwenyeji anaanza kujiuliza kama amwandalie chakula, na mgeni anaanza kuogopa asije akadhaniwa anafuata sahani. Mjane ndiye anayeogopa zaidi kuliko wote. Mgeni anahitaji kupewa chai, na chai inahitaji sukari. Mgeni anahitaji pia kuzungumzishwa, na kuna jioni mtu huna neno la kusema. Runinga iliondoa haya yote. Aliyekuja kutazama taarifa ya habari hakuwa mgeni. Hakuandaliwa kitu, hakuzungumzishwa kwa lazima, aliweza kunyamaza nusu saa bila kuonekana amenuna, na kipindi kikiisha alikuwa na wakati wake halali wa kuondoka. Mwenye nyumba naye hakuwa na deni wala fadhila. Wanawake watatu walipata saa nzima ya kuwa pamoja kila siku ya Mungu, na hakuna aliyelazimika kumwambia mwenzake kwamba anamhitaji.

Walipozimiwa, walijaribu KBC. Siku mbili tatu walikaa, wakakumbushana enzi za Vitimbi, kichekesho cha zamani cha KBC, kisha idadi ikapungua. Sababu haikuwa ubaya wa KBC. Wao walikuwa wamezoea wasomaji wale, sauti zile, wahusika wale wa michezo ambao waliwajadili kama watu wa mtaani, na huwezi kumteta mtu usiyemjua. Mke wa baharia akaacha kuja kwanza. Mjane akaendelea kupita mlangoni, akisalimu kutoka nje.

Wakati huo huo, hatua chache kutoka nyumba ile, kuna mkahawa wenye runinga ya ukutani na usajili wa setilaiti. Pale hapakutokea chochote. Ligi ya Uingereza ilikuwa kwenye chaneli za kulipia zisizohusiana na ugomvi wa Limuru. Jumatano ya tarehe 25 Februari Arsenal walifungwa 3–1 na Monaco nyumbani kwao, na baraza za Mombasa zikapata kazi ya siku tatu. Jumapili ya tarehe 1 Machi ilikuwa fainali ya Kombe la Ligi kati ya Chelsea na Tottenham. Mechi ilianza saa kumi alasiri kwa saa za London, yaani saa moja usiku kwetu. Saa ile ile ya taarifa ya habari. Nilikuwa pale. Viti vya plastiki vilijaa hadi barabarani, kahawa tungu ikizunguka, na John Terry alipofunga bao la kwanza karibu na mapumziko, kelele zilisikika hadi kwenye ukumbi wa mavyaa. Chelsea walishinda 2–0.

Nikiwa kwenye kiti changu pale ndipo niliposikia watu wakisema kwamba kuzimwa kwa stesheni hakukuleta tofauti yoyote, kwamba watu wamezoea, kwamba maisha yanaendelea. Walisema kweli juu ya maisha yao. Mwanamume alikuwa na mkahawa, baraza, maskani, na mpira. Sababu zake za kukaa na wenzake ni nyingi, na hata zote zikifungwa anaweza kusimama pembeni mwa barabara asiulizwe na mtu. Mwanamke wa umri wa mavyaa, na hasa mjane, alikuwa na arusi, matanga, maulidi, na taarifa ya saa moja. Matatu ya mwanzo hayaji kila siku. Ndiyo maana kila ninaposikia mjadala wa runinga ukiendeshwa na watu wanaotazamia mikahawani, nasita. Wanapima kwa kipimo cha mahali ambapo runinga ni nyongeza tu.

Yalisemwa pia, hasa mitandaoni, kwamba familia sasa zitazungumza na watoto watasoma vitabu. Palikuwa na ukweli fulani ndani yake, nami sitaukataa: najua nyumba ambamo watoto walilala mapema. Lakini kilichotokea mara nyingi zaidi ni kwamba maduka ya muvi yalipata wateja. Watu walipeleka flashi zao wakajaziwa filamu za Kihindi, za Nigeria, za Bongo, na mfululizo wa Kikorea. Picha hazikukosekana. Kilichokosekana ni ile hali ya watu wote kuona kitu kimoja usiku mmoja. Ukiwa umetazama sehemu ya nane na jirani yako yuko sehemu ya pili, kesho sokoni hamna la kusemezana, tena inabidi umkwepe usije ukamwambia mwisho wake. Mchezo wa kuigiza wa Citizen ulipoonyeshwa usiku, asubuhi yake muuza samaki wa Marikiti, mwalimu wa chekechea na kondakta wa matatu walikuwa wamefika mahali pamoja katika hadithi.

Kwa upande wa wenye stesheni, wiki hizo ziliwagharimu fedha za matangazo ya biashara, na bila shaka hilo ndilo lililowaharakisha. Mwanzoni mwa Machi mitambo ya ADN ilianza kufanya kazi na chaneli zikarejea, kwa dijitali. Magazeti yakaandika kwamba Wakenya wamerudishiwa runinga zao. Si wote. Analojia ndiyo ilikuwa inaaga, na kadiri ilivyozimwa sehemu moja baada ya nyingine, nyumba isiyo na king'amuzi ilibaki na kisanduku kinachoonyesha chenga. Kwa nyumba hizo zile siku 19 zilikuwa mwanzo tu. Mjini watu walijikakamua, lakini nina jamaa upande wa Kaloleni waliokaa muda mrefu bila kununua, na runinga yao ikageuka meza ya kuwekea redio na kuchaji simu. Hapo swali lililopelekwa kortini na COFEK mwaka 2012 lilipata jibu lake: bei ilikuwa mlango, na kuna waliobaki nje. Kati ya kesi zote za miaka ile, naiona hiyo ya bei kuwa ndiyo pekee iliyoanza na mtu aliyekaa mbele ya skrini.

Mwezi mmoja baada ya kurejea, alfajiri ya tarehe 2 Aprili 2015, magaidi wa Al-Shabaab waliingia Chuo Kikuu cha Garissa. Waliouawa walikuwa 148, wengi wao wanafunzi. Siku ile nilipita kwa mavyaa mchana. Kitambaa kilikuwa kimeshaondolewa kwenye runinga, jambo ambalo sijaliona kabla wala baadaye wakati wa mchana. Ukumbi ulijaa, na walikuwepo hata wanawake ambao hawakuwa wa kundi la jioni. Hakuna aliyekuwa akifafanua wala kuteta. Idadi ilipanda saa baada ya saa, na kila ilipotajwa mtu alisema inna lillahi, na mwingine akauliza kama chuo kile hakina mtoto wa fulani. Redio ingeweza kuwapa idadi zile zile, kila mmoja nyumbani kwake. Walikuja kwa sababu hakuna aliyetaka kuzisikia peke yake. Nimejiuliza mara nyingi ingekuwaje kama shambulio lile lingetokea wiki sita kabla, na watu wangekimbilia wapi.

Watafiti wa runinga wana desturi ya kugawa sababu za kutazama katika mafungu: kupata habari, kuburudika, kujitambua, kukimbia shida, kuwa na watu. Mafungu hayo yana manufaa yake darasani. Tatizo ni kwamba katika nyumba ya Majengo hayakuweza kutenganishwa, na lile la mwisho lilibeba mengine yote. Habari za unga zilikuwa burudani kwa sababu zilijadiliwa na watu watatu. Mchezo wa kuigiza ulikuwa elimu kwa sababu mjane aliutumia kumwonya binti wa mwenye nyumba bila kumtaja jina. Ungebadilisha vipindi vyote vile kwa vingine vya lugha ile ile na saa ile ile, baada ya miezi michache kikao kingerudi. Ungeacha vipindi vile vile na kuvitawanya kila mtu achague saa yake, kikao kingekufa.

Kisa cha pili kilichofuata miaka mitatu baadaye kinalionyesha hilo kwa namna ambayo mwaka 2015 isingewezekana. Tarehe 30 Januari 2018, kiongozi wa upinzani Raila Odinga alipojiapisha Uhuru Park kuwa rais wa wananchi, serikali ilizizima Citizen, NTV, KTN News na Inooro. Safari hii hapakuwa na hadithi ya masafa wala leseni, ilikuwa ni kuwanyima watu kuona. Mwanaharakati Okiya Omtatah alikwenda Mahakama Kuu, na Jaji Chacha Mwita akaamuru stesheni zirudishwe wakati kesi ikisikilizwa. Amri ilicheleweshwa kutekelezwa kwa siku kadhaa. NTV na KTN News zilirejea tarehe 5 Februari, Citizen ikafuata tarehe 8.

Lakini safari hii watu waliona. Stesheni zilirusha matangazo moja kwa moja YouTube na Facebook, na kuanzia siku ya kwanza vijana walikuwa wameinamia simu zao, kwenye matatu, kwenye vinyozi, kwenye foleni za benki. Serikali ilikuwa imezima mlingoti wakati nchi ilikuwa na minara mingine mfukoni. Waliofurahia ushindi huo walikuwa na haki ya kufurahi, nami nilikuwa miongoni mwao.

Nyumbani kwa mavyaa simu iliegemezwa kwenye kopo la maziwa ya unga juu ya kigoda. Vichwa vitano vikalisogelea. Mavyaa macho yake hayaoni vizuri karibu, akarudi nyuma, na nyuma alikuwa haoni picha ila sauti tu. Bando likakatika kabla ya taarifa kufika kwenye michezo. Likaongezwa, na alipokwisha kuliongeza, mjukuu aliyetoa pesa hakurudi kwenye taarifa. Alifungua video za mtu wa vichekesho aliyekuwa akimfuata. Hakuna aliyemkataza, kwa sababu bando ni lake na simu ni yake. Kwa mara ya kwanza katika ukumbi ule, aliyeamua kitakachotazamwa saa moja usiku alikuwa kijana wa miaka kumi na sita, na ilipofika saa moja na robo mjane alikuwa ameshaaga.